Darsa la Ramadhani, siku ya 12: Mtoto wa mwenzio aliye chini ya paa lako



Ndugu zangu waumini, mama zangu, dada zangu, vijana wetu. Alhamdulillah, tumeamka na funga ya 12. Leo naomba mnivumilie, darsa ni refu kidogo na jambo lenyewe ni zito. Wenye watoto wadogo karibu, someni wenyewe kwanza.

Jana kwenye tarawehe tulisoma juzuu ya 12, na ndani yake mna Suratu Yusuf mpaka aya ya 52. Kisa hiki tunakijua tangu chuoni: ndugu wenye husuda, kisima, ndoto, uzuri wa Yusuf (a.s.). Leo tukitazame kwa upande ambao hatuuzungumzi sana. Nabii Yusuf alikuwa mtoto aliyelelewa nyumba ya watu.

Fungueni aya ya 21. Yule mkubwa wa Misri aliyemnunua anamwagiza mkewe amweke mtoto huyu kwa heshima, labda atawafaa au watamfanya mwana wao. Nia nzuri kabisa. Na sisi kila tunapopokea mtoto wa mwenzetu tunaanza hapo hapo. Ndugu amefariki, watoto watatu wamebaki, kikao cha arobaini kinagawana: huyu aende kwa baba mkubwa, huyu kwa shangazi, huyu mdogo kwa bibi. Au binti analetwa mjini, "akasome kwa mamdogo wake". Au ofisi ya Ustawi wa Jamii inatafuta familia ya kumpokea mtoto aliyeokotwa, yale yanayoitwa malezi ya kambo. Watu wanasema maa shaa Allah, wanaomba dua, wanaondoka. Na mlango unafungwa.

Sasa nendeni aya ya 23. Yusuf ameshakuwa kijana, na yule mwanamke anamtaka kwa nguvu. Angalieni Qur'ani inavyomtaja. Haimtaji kwa jina, wala hapo haimwiti mke wa mkubwa. Inamtaja kuwa ni yule ambaye Yusuf alikuwa nyumbani kwake. Wallahi tafsiri ya neno hili inaumiza. Aliyemtaka ubaya ndiye aliyempa chakula na mahali pa kulala. Na aya inasema alifunga milango, si mlango mmoja.

Yusuf alikuwa Nabii, kijana mwenye nguvu, akaweza kukimbilia mlangoni mpaka kanzu ikachanika. Je, mtoto wa miaka tisa akimbilie wapi? Amwambie nani, na mwenye nyumba ndiye anayemlipia sare ya shule?

*Hukumu ya ndani ya nyumba*

Kisa hakikuishia hapo. Ushahidi ulipatikana, na aliyetoa hoja ya kanzu alikuwa mtu wa ukoo wa yule mwanamke mwenyewe. Kanzu imechanika nyuma, kwa hiyo Yusuf ni mkweli. Mume akaona kwa macho yake. Akafanya nini? Soma aya ya 29. Akamwambia Yusuf aachane na habari hiyo, na mkewe aombe msamaha. Basi. Kesi imekwisha sebuleni.

Hivi jamani, hukumu hii hatuijui? Si ndiyo ile ya "tuyamalize kifamilia"? Anayefungwa mdomo ni aliyedhulumiwa. Na kilichofuata, kwenye aya ya 35, ni kwamba baada ya kuziona dalili zote wakaona bora Yusuf atiwe gerezani. Mkosaji akabaki nyumbani, aliyeonewa akaondolewa. Na sisi tunafanya hivyo hivyo: binti akisema, anarudishwa kijijini, anaachishwa shule, anaitwa muongo, au anatafutiwa mume haraka ili maneno yaishe. Mjomba anabaki kwenye safu ya mbele.

Wahenga walisema kikulacho ki nguoni mwako. Tunawaonya watoto wajihadhari na mtu wasiyemjua njiani, na ni sawa. Lakini wanaowadhuru watoto mara nyingi ni watu wanaowajua: jamaa, jirani, mlezi, mwalimu. Na mtoto wa kulelewa yuko kwenye hatari zaidi kwa sababu hana mama wa kumnong'oneza usiku.

*Ubaya usio na kelele*

Wengi mnaosoma hapa mtasema, alhamdulillah, kwangu hakuna uchafu huo. Vizuri. Lakini kuna dhulma nyingine isiyoacha alama mwilini, nayo ni kumtelekeza mtoto ambaye yuko ndani ya nyumba yako.

Mwezi huu ndio unaotuumbua. Nani anaamshwa saa tisa usiku kuwasha jiko la daku, wakati watoto wa nyumba wamelala? Nani anapika futari kisha anafuturu kwa tende moja amesimama jikoni, anangoja watu wamalize ndipo ale ukoko? Nani anaosha vyombo watu wakienda tarawehe? Na wiki ya mwisho mkienda kununua nguo za Idd, ni mtoto gani ataambiwa zile za mwaka jana bado zinamtosha?

Sisi tunaofundisha tunawaona. Mtoto analala darasani kila siku. Anakuja bila daftari, na binamu yake wa nyumba moja ana mawili mawili. Akiguswa bega anashtuka. Alikuwa anaongea, ameacha kuongea. Dalili moja haithibitishi kitu, lakini inatosha kumfanya mwalimu na jirani waulize.

Suratul Maa'un inamtaja anayemsukuma yatima kuwa ndiye anayeikadhibisha dini. Suratul Fajr, aya ya 17, inawalaumu watu kwa kutomheshimu yatima. Angalieni, lawama si kwamba hawakumlisha. Hawakumheshimu. Unaweza ukamlisha mtoto na ukamvunja kwa tonge hilo hilo: "Kula, baba yako hakukuachia kitu."

Na Mtume (s.a.w.) ametupa habari ya mwanamke aliyeingia motoni kwa sababu ya paka. Iko kwa Bukhari na Muslim. Mwanamke yule alimfungia paka, hakumpa chakula, wala hakumwachia ajitafutie, mpaka akafa. Ikiwa huyo ni paka, itakuwaje kwa mwana wa Adamu? Na katika hadithi aliyoipokea Abdullah bin Amr (r.a.), Mtume anasema kwa maana kwamba mtu kuwapoteza walio chini ya riziki yake kunamtosha kuwa dhambi.

Simaanishi mtoto wa kulelewa akae kama mgeni. Kufagia, kuchota maji na kuosha vyombo ni sehemu ya malezi. Kipimo ni chepesi: mwanao wa kumzaa anafanya kazi hiyo hiyo? Anaadhibiwa hivyo hivyo kwa kosa hilo hilo? Ukisita kujibu, hapo pana jambo. Suratun Nisaa, aya ya 9, inatutaka tujipime kwa watoto wetu wenyewe, lau tungekufa tukawaacha wadogo na dhaifu. Wewe leo uko hai. Kesho mwanao atakuwa jikoni kwa nani?

Na mali yao msiisahau. Nyumba ya marehemu inapangishwa, kodi inaingia, na mtoto anaambiwa hakuna ada. Aya ya 10 ya sura hiyo imesema wanaokula mali ya yatima kwa dhulma wanajaza moto matumboni. Aya ya 6 imemtaka mlezi mwenye uwezo ajizuie, mwenye shida atumie kwa kiasi cha haki, na siku ya kukabidhi pawe na mashahidi. Andikeni hesabu, jamani. Daftari moja la shilingi mia chache litakuokoa siku ile.

*Mlezi aliyeuliza*

Katika Qur'ani yumo pia mlezi wa kuigwa. Suratu Aal Imran, aya ya 37, Allah anamweka Bi Maryam (a.s.) chini ya ulezi wa Nabii Zakaria (a.s.). Neno kafala tunalolitumia kwa kulea yatima, shina lake limo ndani ya aya hiyo. Na aya ya 44 inaonyesha kwamba watu walipiga kura kwa kalamu zao, kila mmoja anataka yeye ndiye amlee.

Zakaria alifanya nini baada ya kumpata? Alikuwa akiingia kwake kila mara. Na alipokuta riziki ambayo yeye hakuileta, alimuuliza imetoka wapi. Maryam akajibu kuwa imetoka kwa Allah. Zakaria akamsikiliza, na hapo hapo akasimama kuomba dua yake mwenyewe ya kupata mtoto.

Zingatieni. Kilichomfanya aulize ni kitu kizuri, chakula. Sisi mtoto akija na simu mpya, hela, chipsi za kila jioni, tunafurahi kwamba kapunguza gharama. Muulize, kwa upole, imetoka wapi na nani kampa, na alitaka nini. Watu wabaya huanza na zawadi. Ulezi si kutoa tu, ni kuingia na kuuliza, na ukishauliza, usikilize jibu.

*Tufanye nini*

1. Mlezi: leo baada ya futari kaa na mtoto huyo peke yenu, dakika kumi tu. Muulize analala vipi, shuleni vipi, nani anamwogofya. Tenganisha malazi ya watoto na wakubwa, na ya wavulana na wasichana. Binamu, mjomba wa kupita na mgeni wa wiki mbili wasilazwe chumba kimoja na mtoto.

2. Mzazi au ndugu uliyempeleka mtoto kwa watu: usiridhike na "hajambo, anacheza huko". Nenda. Ongea naye mkiwa wawili. Na anayetaka kupokea mtoto asiye wake apite Ustawi wa Jamii, nyumba yake ikaguliwe. Kukaguliwa si kudharauliwa.

3. Jirani: ukisikia kilio cha kila usiku, hilo si umbea. Sheria ya Mtoto ya mwaka 2009 inamtaka mwanajamii mwenye taarifa za haki ya mtoto kuvunjwa aripoti kwa serikali ya eneo lake. Namba 116 ni ya huduma kwa mtoto, hupigwa bure. Polisi kuna Dawati la Jinsia na Watoto.

4. Mtoto akikwambia amefanyiwa ubaya: msikilize, usimkaripie, usimlazimishe kurudia rudia mbele ya watu. Usimwogeshe, usifue nguo zake. Mpeleke hospitali siku hiyo hiyo, kwa sababu dawa za kuzuia virusi vya UKIMWI zinatakiwa zianze ndani ya saa 72. Hospitali nyingine zina vituo vya mkono kwa mkono, ambako daktari, polisi na ustawi wanapatikana pamoja. Kikao cha ukoo kitasubiri.

Najua wapo watakaosema, "Ustadh, Mtume katuamrisha kumsitiri Muislamu mwenzetu." Ni kweli katuamrisha. Stara ni kwa mja aliyeteleza baina yake na Mola wake. Haki ya mtoto iliyoporwa si yako wewe kuisitiri. Na Mtume huyo huyo ametuamrisha kumnusuru ndugu yetu akiwa dhalimu au mdhulumiwa, na akaeleza kuwa kumnusuru dhalimu ni kumzuia asidhulumu. Mficha maradhi kifo humuumbua. Na sheria hii haina mtu mkubwa: akiwa tajiri wa msikiti, akiwa ustadh wa madrasa, akiwa mimi. Ripotini.

Nimalizie na aya ya 50, tuliyoisoma jana karibu na mwisho. Mfalme anaagiza Yusuf atolewe gerezani. Baada ya miaka ile yote, mtu angetoka mbio. Yusuf hakutoka. Alimrudisha mjumbe kwa mfalme, iulizwe kwanza habari ya wale wanawake waliojikata mikono. Alitaka ukweli usemwe hadharani, na mke wa yule mkubwa akakiri kwa kinywa chake. Nabii wa Allah, mwenye subira kuliko sisi sote, hakuona kwamba kudai haki yake ni kukosa adabu.

Kwa hiyo wewe unayesoma hapa, uliyelelewa kwa machozi na ukanyamazishwa, huenda leo una watoto wako: kosa halikuwa lako. Ukitaka kusema, sema. Mlango wa imamu na wa maustadhat wetu wa kike uko wazi.

Na wewe unayelea mtoto wa mwenzio kwa uadilifu, unagawa kidogo ulichonacho sawa kwa sawa na hakuna anayekuona: Mtume (s.a.w.) alisema kuwa yeye na mlezi wa yatima watakuwa Peponi hivi, akaonyesha vidole vyake viwili, cha shahada na cha kati. Hakuna cheo nitakachokutajia zaidi ya hicho.

Allahumma, Wewe uliyemkuta Mtume wako yatima ukampa makazi, wape watoto hawa makazi yenye amani. Ulainishe mioyo yetu kwao, ufichue kila aliyefunga mlango juu yao, na utukubalie funga zetu. Aamin.

Mtumie na mwenzako. Kesho in shaa Allah tutaendelea na juzuu ya 13.

Wassalaam alaykum warahmatullahi wabarakaatuh.