Kilima cha Tendaguru na Deni la Jina

Mtu atokaye Lindi kwenda bara, upande wa kaskazini-magharibi, hukifikia kilima kiitwacho Tendaguru. Si kirefu, wala hakina theluji kama Kilimanjaro. Lakini wataalamu wa ulimwengu wote walijua jina lake. Tangu mwaka 1909 hata 1913 Wajerumani walichimbisha huko mifupa ya wanyama wakubwa mno, walioishi yapata miaka milioni 150 iliyopita.

Wakati ule nchi ilikuwa imetoka tu katika Vita vya Maji Maji na njaa yake. Mamia ya watu wakachimba, na wapagazi wakaichukua mifupa mwendo wa siku kadhaa mpaka bandari ya Lindi. Zaidi ya tani 200 zikapelekwa Ujerumani. Mnyama mmoja amesimamishwa katika jumba la makumbusho la Berlin, kimo chake chapita mita 13. Naye alipewa jina la Branca, mmoja wa wakuu wa jumba hilo siku zile.

Basi na tuulize: Mtu akiisha kulipwa ujira, je, haki yake imekwisha? Wako wasemao, “Imekwisha. Walipatana kazi na fedha. Tena mgema akisifiwa, tembo hulitia maji.” Neno hili lina nguvu, tusilipite upesi. Lakini mithali hiyo yaonya juu ya sifa zipitazo kiasi. Haikatazi ushuhuda wa kweli. Ujira hulipa nguvu za mikono. Lakini anayesimulia kazi ya wengi na kumtaja mmoja tu, huyo adanganya kwa kunyamaza.

Msimamizi wa wachimbaji aliitwa Boheti bin Amrani. Mwaka 2007 mnyama mmoja wa Tendaguru aliitwa Australodocus bohetii kwa heshima yake. Heshima hiyo ni njema, ingawa mwenyewe hakuisikia. Wala haimalizi swali la mifupa iliyoko Berlin. Na wapagazi walio wengi hawatajwi hata leo.

Nasi tujipime. Tukijenga shule au kanisa, jina la fundi hukumbukwa. Je, wanawake waliochota maji ya kukandia udongo, twawataja wapi? Deni la namna hii halihitaji fedha, lahitaji kinywa tu. Tulilipe wangali hai, wapate kulisikia.