Kuhifadhi Murua kwa Uongo

Je, mtawala ana haki ya kuwaficha raia zake jambo ovu, maadamu nia yake ni kuhifadhi murua wao? Wengi wetu tutajibu upesi: naam. Twawaomba wasomaji wetu wasubiri kidogo, wasikilize kisa hiki.

Jenerali Franco aliitawala Hispania kwa mabavu tangu 1939 mpaka kufa kwake mwaka 1975. Mwaka 1941 serikali yake iliamuru sinema zote za kigeni zitiwe sauti za Kihispania. Na mwenye kushika maneno huishika maana. Mwaka 1953 ilitoka sinema iitwayo Mogambo, ya John Ford, ambayo picha zake nyingi zilipigwa huku kwetu Afrika Mashariki. Ndani yake mna mke wa mtu aliyempenda mwindaji. Wakaguzi wa Franco hawakutaka watu waone mke akimkhini mumewe. Basi walibadili maneno: mume na mke wakawa kaka na dada.

Lakini picha haikubadilika. Masikio yaliambiwa ni ndugu, na macho yakaona mume na mke. Kwa kuikimbia zinaa, wakaguzi wale waliwatia watazamaji shaka ya jambo la maharimu, ambalo ni zito zaidi.

Sisi hatusemi kuwa kukataza ni kosa. Baba amwambiaye mwanawe, "Sinema hii haikufai," amesema kweli, na mtoto aweza kumwuliza sababu. Lakini aliyedanganywa hawezi kuuliza, kwani hajui kuwa amedanganywa. Huyo amenyang'anywa akili yake ya kupambanua jema na baya, na murua bila ya kupambanua ni kitu gani?

Tena, chombo cha uongo hakikai katika kazi moja. Katika sinema ya Casablanca, ya mwaka 1942, yatajwa kuwa shujaa wake alipigana Hispania upande wa wale walioshindwa na Franco. Katika sauti za Kihispania khabari hiyo iliondolewa. Hapo palikuwa na murua gani wa kuhifadhiwa? Iliyohifadhiwa ni heshima ya mtawala.

Basi sisi tunaotaka watoto wetu wakingwe na sinema mbovu, na tutake hivyo kwa uwazi: likatazwalo litajwe, na sababu yake isemwe, ili mwenye kupinga apate la kupinga. Tukiuridhia uongo leo kwa kuwa watufaa, kesho hatutakuwa na ulimi wa kuukataa utakapotudhuru.