Sauti ya Zimwi

Msimulizi wa ngano hana sauti moja. Jioni, katika kijiji kama Kasokola karibu na Mpanda, sungura akisema sauti huwa nyembamba na nyepesi. Zimwi likisema sauti hukwaruza. Watoto husogea karibu na mama zao. Waipenda hofu hiyo, kwa sababu wajua kwamba ngano ikiisha na zimwi limekwisha. Lakini sauti ya kukwaruza haikuzaliwa katika ngano. Msimulizi aliisikia mahali, labda kooni mwa jirani mgonjwa. Je, ni halali kwake kuiazima?

Swali hili lilimkabili Lupita Nyong'o. Alizaliwa katika jiji la Mexico mwaka 1983, wakati baba yake, Profesa Peter Anyang' Nyong'o, alipokuwa akifundisha huko. Jina la Lupita ni ukumbusho wa nchi hiyo. Alikulia Kenya, akarudi Mexico katika ujana wake kujifunza Kispania, kisha akasomea uigizaji katika Chuo Kikuu cha Yale, Marekani. Mwaka 2014 alipewa tuzo ya Oscar kwa kumwigiza Patsey, mwanamke mtumwa, katika 12 Years a Slave. Mwaka 2019 aliingia katika sinema ya kutisha, Us, iliyotungwa na kuongozwa na Jordan Peele. Humo alikuwa watu wawili: Adelaide, mke na mama, na Red, kivuli chake kilichotoka chini ya ardhi kuja kuua.

Sauti ya Red hukatika na kukwama. Mwigizaji alieleza kwamba aliipata kwa sehemu kutokana na maradhi ambayo misuli ya koo hukaza bila ya hiari ya mgonjwa. Watetezi wa wagonjwa wakalalamika kwamba maradhi yao yamefanywa alama ya ubaya. Naye akaomba radhi.

Mtu aweza kumtetea kwa kusema kwamba sanaa yote ni maazimo. Ni kweli. Patsey pia aliazimwa, maana mateso yake yaliwapata watu wa kweli. Lakini mateso ya Patsey yaliazimwa ili tusimame upande wake. Sauti ya Red iliazimwa ili tukimbie. Basi kosa, kama lipo, halimo katika kuazima. Limo katika njia ambayo kitu kilichoazimwa humwelekeza mtazamaji.

Utetezi wa pili una nguvu zaidi. Mwisho wa hadithi twafahamishwa kwamba Red alikabwa koo utotoni, na kwamba yeye ndiye aliyedhulumiwa. Zimwi lageuka kuwa mtoto aliyeibiwa maisha yake. Hata hivyo sikio huogopa kabla ya akili kuelewa. Maelezo hubaki katika sinema. Mgonjwa huenda sokoni na sauti yake peke yake.

Lupita mwenyewe ayajua haya. Mwaka 2009 aliongoza In My Genes, filamu ya kweli juu ya Wakenya wenye ualbino. Katika Tanzania watu kama hao wameuawa na kukatwa viungo, kwa sababu miili yao ilizungushiwa hadithi ambazo hawakuzitunga wao. Sisemi kwamba sinema moja yalingana na panga. Nasema kwamba hadithi inayotia hofu katika mwili wa mtu haiishi pale ilipoanzia.

Wala si haki kuikataza hofu. Ngano isiyo na zimwi haimfundishi mtoto ushujaa. Lakini mwenye kuazima ana deni, na kuomba radhi ni kulilipa baada ya siku yake kupita. Heri kumwendea mwenye kitu mapema.

Hapa msimulizi wa kijijini amemzidi mwigizaji wa sinema kwa jambo moja. Jirani mwenye sauti ya kukwaruza ameketi papo hapo motoni, naye asikiliza. Msimulizi hawezi kumwiga bila ya kumtazama usoni. Kamera haina jirani. Mwigizaji hana budi kumkalisha mwenyewe moyoni mwake, kabla hajafungua kinywa.