Sura ya Adui

Sisi tuliokulia mjini na picha za Kihindi tulijua watu wa aina mbili tu: steringi na adui. Steringi hafi. Adui tulimtambua kabla hajafungua mdomo. Akitokea tu na sigara yake na lile tabasamu la upande mmoja, ukumbi mzima unazomea. Kwa kaka zetu na baba zetu, adui wa maadui alikuwa Pran.

Ndugu msomaji, kwa Kihindi jina hilo maana yake ni pumzi, uhai wenyewe. Lakini inasimuliwa huko India kwamba enzi za umaarufu wake wazazi waliacha kuwapa watoto jina hilo. Hebu fikiria, jina lenye maana ya uhai linakimbiwa kwa sababu ya mtu anayelipwa ili ajifanye mbaya! Wapo watakaosema huo ni ushamba. Mimi sisemi. Anayezomea ameguswa, na adui asiyezomewa hajafanya kazi yake. Swali langu ni jingine: taa zikishawaka, ile chuki tunatoka nayo kwenda wapi?

Tumtazame mtu mwenyewe. Alizaliwa Delhi mwaka 1920, akajifunza kazi ya kupiga picha, na katika maigizo ya Ramlila kule Shimla alicheza kama Sita, yule mke mwaminifu. Ndiyo, adui wetu alianza kwa kuigiza mwanamke mwema! Sinema aliingilia Lahore, katika Yamla Jat ya 1940. India ilipogawanywa mwaka 1947 akahamia Bombay, akasota, hadi Ziddi ya 1948 ilipomwinua tena.

Mwaka unaonisumbua mimi ni 1967. Katika Ram Aur Shyam anamcharaza shemeji yake mijeledi hadi unatamani kuingia kwenye pazia umnyang'anye. Mwaka huohuo, katika Upkar, yeye ni Malang, mlemavu wa mguu mwenye ulimi mkali na moyo safi. Macho yaleyale, sauti ileile. Waliomlaani wakamlilia. Sasa ule ubaya tuliouona usoni mwake ulikuwa umekaa wapi?

Halafu kuna kisa cha mwaka 1973. Alipewa tuzo ya Filmfare ya mwigizaji msaidizi kwa picha iitwayo Be-Imaan. Neno hilo hata sisi tunalisikia: asiye na imani, mtu wa hila. Tuzo akaikataa. Kisa? Aliona tuzo ya muziki ilimstahili Ghulam Mohammed, mtunzi wa muziki wa Pakeezah, na Ghulam Mohammed alikuwa ameshafariki tangu 1968. Marehemu hawezi kukulipa fadhila. Sijui masteringi wangapi wangefanya hivyo.

Naogopa kwamba lile zoea la ukumbini tunarudi nalo mtaani. Mtu akipiga kelele "Mwizi!", tunatafuta nani? Yule mwenye macho mekundu na shati lililochanika. Hatumwachi afungue mdomo. Aliyeiba kwa kalamu, amevaa tai, anatupita pale pale na tunampisha njia.

Na mimi simo nje ya lawama. Kikundi chetu cha maigizo kiliwahi kucheza mchezo nilioutunga mwenyewe: mwenye nyumba anamfukuza mjane na watoto usiku wa mvua. Rafiki yangu mmoja, mpole kupita sote, ndiye aliyepewa huyo mwenye nyumba, kwa sababu ana sura nzito. Akaicheza vizuri mno. Kesho yake mama muuza vitumbua akakataa kumuuzia. "Kanunue kwa wenye roho mbaya wenzio." Tulicheka mpaka machozi. Yeye hakucheka.

Jioni akaja kwangu na karatasi zake za mchezo, zimekunjamana. Hakumlaumu yule mama hata kidogo. Aliniuliza mimi: "Hivi huyu bwana wako, katika kurasa zote hizi, mbona hukumpa hata deni moja? Hana mtoto anayeumwa? Yeye halali?"

Nilitafuta la kumjibu. Adui wangu nilimwandika kwa dakika kumi. Yule mjane alinichukua wiki tatu.