Mchagua Jembe si Mkulima: Maandalizi Yakome Wapi?

Wahenga wetu hawakutuachia jibu moja. Mwenye pupa walimwambia kwamba haraka haraka haina baraka. Mwenye kusitasita wakamwambia kwamba ngoja ngoja huumiza matumbo. Aliyekwenda mbio walimkumbusha kuwa mwenda pole hajikwai. Na yule aliyekaa akilinganisha mipini na makali hata mvua ikapita, walimcheka kwamba mchagua jembe si mkulima. Sisi walimu huzifundisha methali hizi kama jozi za kupendeza. Huwataka wanafunzi wazitumie katika insha, kisha tukaendelea na kipindi. Ni mara chache tunapolikabili swali lililomo baina yao: kujiandaa ni wema mpaka wapi, na ni wapi kunapogeuka kuwa kosa?

Swali hili lilinijia upya mahali nisipopatazamia. Wakati wa likizo alikuja kukaa kwangu mwana wa kaka yangu, kijana wa kidato cha sita, akiwa na mashine yake ya michezo. Kila jioni, kazi za nyumbani zilipokwisha, aliketi mbele ya runinga akicheza mchezo uitwao Elden Ring. Mimi nilikuwa pembeni nikisahihisha madaftari. Siku za kwanza niliona kelele tupu za panga. Baadaye niliyaweka madaftari chini nikaanza kutazama.

Huenda baadhi ya wasomaji wakashangaa kukuta habari za mchezo wa aina hii katika jarida letu. Naomba wanivumilie. Hadithi za shujaa anayetoka kwenda kutafuta ufalme ni mali yetu tangu zamani, na mchezo huu ni hadithi ya namna hiyo, ila msikilizaji ndiye anayeamua shujaa aende wapi. Ulitolewa mwaka 2022 na kampuni ya FromSoftware ya Japani. Uliongozwa na Hidetaka Miyazaki, na mwandishi wa riwaya wa Marekani, George R. R. Martin, alishiriki katika kubuni visakale vyake. Dunia yake iko wazi: ukishatoka katika mapango ya mwanzo, hakuna ukuta unaokulazimisha kupita njia moja. Waweza kwenda mashariki au magharibi, mapema au baadaye, ukiwa na silaha au mikono mitupu.

Kabla ya safari, mchezaji huchagua asili ya shujaa wake miongoni mwa aina 10. Mmoja ni shujaa wa vita, mwingine mnajimu, mwingine nabii. Wa mwisho kwa unyonge ni fukara asiye na nguo za vita, ambaye mali yake yote ni rungu. Baada ya hapo mlango hufunguliwa, na shujaa hutokea katika nchi ya kijani iitwayo Limgrave. Hatua chache mbele yake, kana kwamba amewekwa hapo kuwapokea wageni, anazunguka mpanda farasi aliyevaa dhahabu tangu kichwani hadi kwato za farasi wake. Mgeni asiyejua humwendea. Pigo moja au mawili, naye yuko chini.

Nilimwuliza kijana mbona yeye hamkabili. Akacheka, akasema, "Baba mdogo, huyu si wa leo." Akapita kando, nyuma ya miti, akaingia katika kanisa lililobomoka ambamo mchuuzi mmoja huuza vitu kando ya moto. Hapo pana fuawe ya kunolea silaha. Kutoka hapo alikwenda huku na huku: akapata farasi, akachuma majani, akatafuta makanisa mengine yenye machozi matakatifu ya kuongeza nguvu ya dawa anayobeba chupani. Kila adui mdogo aliyemshinda alimwachia runi, ambazo ndizo fedha za nchi ile na ndizo zinazompandisha mtu ngazi. Kisha, baada ya siku tatu, alirudi kwa yule mpanda farasi. Alishindwa mara nne. Mara ya tano alishinda.

Mpaka hapo mtu angesema kuwa funzo ni jepesi: jiandae kwanza, pigana baadaye. Lakini nilipozidi kutazama niliona mambo matatu ambayo hayakukaa vizuri pamoja na funzo hilo.

La kwanza ni bei ya kosa. Katika mchezo huu, shujaa akifa huziacha runi zake pale alipoangukia. Akirudi akafika mahali hapo, huziokota. Akifa tena njiani, zimepotea kabisa. Hasara ipo, nayo huuma, lakini ni yake peke yake. Ndiyo maana kijana aliweza kushindwa mara nne kwa moyo mkunjufu. Hata kule kushindwa kulikuwa sehemu ya maandalizi, kwani mara ya kwanza alijifunza upande ambao mkuki hutokea, na mara ya pili alijifunza farasi anavyogeuka. Hakuna jani ambalo angechuma porini likamfundisha hayo.

La pili ni bei ya maandalizi yenyewe. Katika jimbo la Caelid limelala joka kongwe lisiloweza kusogea, ambalo huitwa mama wa majoka. Wachezaji waligundua mapema kwamba mtu dhaifu aweza kufika pale kwa njia ya mkato, akasimama ubavuni mwa joka hilo na kulikatakata mpaka life, naye akapata maelfu mengi ya runi kwa mara moja. Majoka madogo yaliyolizunguka hufa pamoja nalo. Kijana alinionyesha jambo hili kwa fahari ya mtu aliyegundua njia fupi ya kwenda sokoni. Joka lile halikumkosea. Lilikuwa halijamtazama hata. Najua kwamba ni picha tu, wala sikumhukumu kijana. Lakini niliona kwamba maandalizi hayawi safi kwa sababu tu yanaitwa maandalizi. Wako watu wanaojiandalia maisha mema kwa mgongo wa wengine, na ukiwauliza watakujibu kwa unyofu kabisa kuwa wanajiweka tayari.

La tatu ni bei ya kukawia. Uko mchezo mwingine wa jamii hiyohiyo, uliotolewa na Nintendo mwaka 2017, uitwao Breath of the Wild. Humo shujaa Link huamka baada ya kulala miaka 100. Muda wote huo binti mfalme, Zelda, amekuwa ndani ya ngome akimzuia adui kwa nguvu zake mwenyewe. Link akishapitia mafunzo ya awali katika uwanda wa juu, yuko huru kuelekea ngomeni siku hiyohiyo. Wachache huenda. Wengi hupanda milima, hufuga farasi na kupika uyoga kwa majira mengi. Na Zelda? Zelda hungoja. Watungaji wamempa subira isiyokwisha, na mchezaji akikawia siku 10 au 1,000, atamkuta angali amesimama.

Hapa ndipo nilipoona kwamba methali zetu hazipingani. Tumesahau tu kuuliza zilisemwa kwa nani. Tunapotaka kujua kama mtu amejiandaa kupita kiasi au pungufu, haifai kumwuliza ana silaha ngapi. Tumwulize nani atalipa. Akikosea, nani atalipa kosa? Akijiandaa, nani analipa maandalizi hayo? Akikawia, nani analipa kukawia kwake? Ambaye kosa lake litamwumiza yeye mwenyewe tu, na tena kidogo, huyo na atoke mapema, ashindwe, arudi. Ambaye kosa lake litawaangukia wengine, huyo na akae fuaweni hata makali yatoshe. Na ambaye wengine wanateseka wakimngoja, huyo na akumbuke kwamba walio nje ya mchezo hawakupewa subira ya Zelda.

Ndugu walimu, nasema haya nikiwa mtu aliyekosea kwa pande zote mbili.

Nilipoanza kufundisha, stashahada yangu ikiwa bado inanukia wino, niliingia darasani siku moja bila kuandaa somo la methali. Mwanafunzi akaniuliza maana ya "usiache mbachao kwa msala upitao". Mimi ni mtu wa bara. Maneno yale mawili sikuyajua. Badala ya kusema nitayatafuta, nilikisia. Nilisema kwamba msala ni msafara, kwa kuwa unapita. Darasa zima likaandika. Miaka kadhaa baadaye nilikutana na mmoja wa wanafunzi wale, naye sasa ni mwalimu. Katika mazungumzo akanieleza kwa furaha jinsi anavyowafundisha watoto wake habari za ule msafara upitao. Nilimweleza pale pale kwamba mbachao ni mkeka uliochakaa, na msala ni mkeka wa kusalia. Alinyamaza kidogo, kisha akaniuliza, "Sasa wale wa miaka iliyopita, mwalimu, nitawapata wapi?" Sikuwa na jibu. Kosa lile lilikuwa langu, na waliolilipa ni watoto ambao sijapata kuwaona.

Kosa la pili lilikuwa kinyume chake. Katika chama chetu cha mijadala shuleni alikuwapo binti mmoja mwenye hoja kali kuliko wenzake, lakini upatanisho wa ngeli ulimshinda. Alikuwa akisema "kitabu yangu imepotea". Kila alipoomba kuzungumza mbele ya watu nilimwambia, "Bado, binti yangu. Kwanza unyooshe ngeli." Nilidhani ninamlinda asichekwe. Muhula ukapita, kisha mwaka, kisha mwingine. Daftari lake la sarufi lilijaa, na ngeli zake katika maandishi zikanyooka kabisa. Alimaliza shule bila kusimama mbele ya hadhira hata mara moja. Nilipokutana naye mjini miaka michache baadaye nilimsalimu kwa Kiswahili, naye akanijibu kwa Kiingereza, kwa adabu nyingi, macho yake yakitazama chini. Kosa ambalo lingemgharimu kicheko cha dakika moja nililizuia, na zuio langu likamgharimu lugha nzima.

Tazama, basi, jinsi nilivyogeuza mambo. Mwalimu, ambaye kosa lake hulipwa na wengine, alitoka bila silaha. Mwanafunzi, ambaye kosa lake lingekuwa lake tu, alizuiwa ghalani akichagua jembe.

Sidhani kwamba jambo hili ni langu peke yangu. Hapa Uganda, Katiba ilirekebishwa mwaka 2005 ili Kiswahili kiwe lugha rasmi ya pili. Ilipofika Julai 2022, yaani miaka 17 baadaye, Baraza la Mawaziri likapitisha uamuzi wa kukitekeleza, kikiwemo kuwa somo la lazima shuleni. Katika miaka ile yote nilisikia katika semina na vikao sauti ileile: walimu hawatoshi, vitabu havijawa tayari. Sauti hiyo haikuwa ya uongo. Kumpeleka darasani mwalimu asiyeijua lugha ni kuzaa misafara mingine kama ule wangu. Lakini mtoto aliyeingia darasa la kwanza mwaka 2005 alikuwa mtu mzima ilipofika 2022, na yeye hakuweza kusimamishwa ngomeni angoje. Walimu na waandae masomo yao kwa uangalifu wote. Wanafunzi na waseme leo, kwa ngeli zilizopinda, mbele ya mwenye kuwasikiliza bila dhihaka. Mambo haya mawili yaweza kwenda pamoja katika chumba kimoja na katika kipindi kimoja.

Msomaji ataniuliza: je, hakuna hatari mwanafunzi akazoea makosa? Ipo. Yule kijana wangu angemwendea mpanda farasi mara 100 kwa namna ileile moja, angeanguka mara 100. Kilichomfaa ni kwamba kila alipoanguka alirudi na swali. Kazi ya mwalimu ni hiyo: kukaa mahali mwanafunzi anapoangukia, amsaidie kuokota kilichodondoka kabla hajaanguka tena.

Siku ya mwisho ya likizo nilimwomba kijana anipe vile vitufe nami nijaribu. Aliniuliza nataka kuanza na shujaa wa aina gani. Nilichagua fukara mwenye rungu. Nilitoka pangoni, nikamwona yule wa dhahabu, nikamwendea moja kwa moja. Nilikufa kabla sijainua mkono. Kijana alicheka mpaka akashika mbavu, nami nikacheka, kwa sababu hapakuwa na mtu mwingine aliyeumia. Kisha nikarudi kwenye meza yangu, nikafungua kitabu cha methali, nikaanza kuandaa somo la Jumatatu.

Nawaachia wenzangu swali hili walijadili katika matawi yao: katika darasa lako, ni nani unayemzuia asitoke, na ni nani anayelipa?