Mfuko Unaolinda Moyo

Somo: Hosea 13:8, Mithali 4:23

Fungueni nami Hosea 13:8. Mungu anasema na Israeli kwa ukali, anajifananisha na dubu aliyenyang'anywa watoto, na anachotishia kupasua ni kile kinachofunika moyo. Hosea hakusoma udaktari (wanafunzi wetu wa chuo kikuu, mlioko viti vya nyuma, mpo?), lakini Kiebrania chake kilikuwa na neno la kifuniko hicho.

Na kweli kipo. Madaktari wanakiita perikadiamu. Puliza puto kidogo, halafu sukuma ngumi yako ndani yake taratibu. Ngumi inazungukwa na ngozi mbili, moja inagusa mkono, nyingine iko nje. Moyo umekaa hivyo. Kati ya ngozi hizo Mungu ametia maji, mililita 15 hadi 50, yaani vijiko vitatu hadi kumi vya chai, ili moyo unaopiga kama mara 100,000 kwa siku usisuguane na kitu. Nje kabisa kuna utando mgumu, usionyooka kwa urahisi, umeshikwa chini kwenye kiwambo kinachotenga kifua na tumbo, na mbele kwenye mfupa wa kidari. Ndiyo maana ukipanda kilima na majani ya chai mgongoni, moyo hauhami mahali pake, wala haufuri kupita kiasi.

Sasa sikilizeni. Mfuko huo huo unaweza kuua. Maji yakijaa ghafla, hata robo lita tu, moyo unabanwa, hauwezi kufunguka. Yakijaa polepole, wiki baada ya wiki, mfuko unatanuka mpaka unabeba hata lita nzima, na mtu bado anaenda kuchuna chai, anadhani ni uchovu tu. Huku kwetu Afrika, TB ni chanzo kikubwa cha ugonjwa huu. Wakati mwingine mfuko unabaki mnene, mgumu kama ganda. Moyo wenyewe unaweza kuwa na nguvu ya kusukuma damu, ila hauna nafasi ya kuipokea. Miguu inavimba, tumbo linajaa maji. Hapo inabidi daktari afungue kifua aliondoe lile ganda.

Wapendwa, Mithali 4:23 inatuagiza kulinda moyo, na wengi wetu tumeufunga. Iko nyumba hapa kwetu, ndugu wa tumbo moja hawasalimiani tangu walipogawana bonasi ya chai ya marehemu baba yao. Wote wawili wanatoa sadaka, tena vizuri. Kutoa kunaendelea! Kupokea ndiko kumekwama. Salamu hairudi, pole haiingii, hata kwenye msiba mmoja alikataa kikombe cha chai kutoka jikoni kwa mwenzake. Na haikuanza siku moja, iliingia tone kwa tone, kila mmoja akisema, "Mimi najilinda tu." Wenye hasira za ghafla nitawahubiria siku nyingine, mnajijua.

Neno la mwili pia. Asikudanganye mtu kwamba imani inakataza dawa. Kikohozi kisichoisha, homa, jasho la usiku, kukonda, kukosa pumzi ukilala chali: usingoje mkesha, nenda hospitali. Dawa za TB kwenye hospitali za serikali ni bure. Utazimeza kwa miezi 6 au zaidi, kadiri daktari atakavyosema, na usikatize hata ukijisikia umepona. Sisi tutakuombea huku unameza. Na kama ni kupasuliwa, hapa Bomet tu, Tenwek, wanafanya upasuaji wa moyo.

Jumatano maombi ni saa kumi na moja jioni. Wale ndugu, nitakuwa ofisini tangu saa kumi. Viti ni viwili, na chai itakuwa tayari.