Mnyonge Naye Hutoa

Katika filamu ya I, Daniel Blake, Daniel, seremala wa miaka 59, amepata mshtuko wa moyo. Daktari amemkataza kazi. Wakaguzi wa posho za wagonjwa wanasema kazi anaiweza. Anazungushwa kwa simu na kwa fomu za kompyuta, mashine asiyoijua. Hata hivyo, mtu huyohuyo anayenyimwa haki yake anamtengenezea rafu ya vitabu Katie, mama wa watoto wawili aliyehamia Newcastle kutoka London, na anawachongea wanawe samaki wa mbao.

Mswada wa filamu hiyo ya mwaka 2016 uliandikwa na Paul Laverty, aliyekuwa wakili mjini Glasgow. Miaka ya 1980, vita vikiendelea, alikwenda Nicaragua kufanya kazi ya kutetea haki za binadamu. Huko ndiko kulikozaliwa mswada wake wa kwanza, Carla's Song, ambao mwongozaji Ken Loach aliugeuza filamu mwaka 1996. Mara mbili, 2006 na 2016, filamu walizofanya pamoja zimetwaa Palme d'Or, tuzo kuu ya tamasha la filamu la Cannes.

Ninamheshimu Laverty kwa jambo moja zaidi ya tuzo: wanyonge wake wana cha kutoa. Katie anafungua kopo la chakula palepale kwenye kituo cha msaada na kula kwa mkono, kwa njaa. Tunaumia kwa sababu tulishamwona akiwapakulia wanawe na Daniel, yeye mwenyewe asile. Katika The Old Oak ya mwaka 2023, wenyeji wa kijiji kilichofungiwa mgodi wa makaa wanakula meza moja na wakimbizi wa Syria, na kila upande una la kumpa mwenzake.

Lakini sisi tunaoandika kuhusu dhuluma huvutwa na machozi. Tunampiga picha mama lishe aliyevunjiwa banda akilia, msomaji anasikitika, kesho anasahau. Huruma ya namna hiyo humwacha mama yule akiwa mhitaji tu, kana kwamba maisha yake yalianza siku ya kuvunjiwa. Tuandike pia vibarua waliokula kwake kwa mkopo hadi siku ya mshahara, na watoto aliowalipia ada kwa sufuria zile. Msomaji akiyajua hayo, hatamwonea huruma tu. Atauliza ni nani aliyetoa amri ya kuvunja, na kwa haki gani.